Conor Niland wa Ireland: chuo kilimchelewesha, au hakuwa na njia nyingine?

Mjomba_Raketi

Habari za jioni wakuu. Nina swali la tenisi na najua humu wapo wanaoujua huu mchezo kuliko mimi, mimi nimeanza kuufuatilia kwa sababu ya mpwa wangu tu.

Juzi usiku nilikuwa naangalia mechi za zamani za US Open nikakutana na ya 2011, Djokovic anacheza na jamaa wa Ireland anaitwa Conor Niland, uwanja ule mkubwa wa Arthur Ashe. Jamaa unamwona kabisa mwili haupo. Seti ya kwanza 6-0, ya pili ikafika 5-1 akaenda kumpa mkono Djokovic wakaishia hapo. Kumbe alikula chakula kikamdhuru, alikuwa anaumwa tumbo. Nikaanza kumtafuta nikakuta kwamba miezi miwili nyuma, Wimbledon ya mwaka huohuo, alikuwa anaongoza 4-1 seti ya tano raundi ya kwanza, na angeshinda pale angekutana na Federer Centre Court. Akapoteza. Nimekaa na hiyo habari kichwani tangu juzi haitoki.

Kilichonisumbua zaidi ni umri. Hizo ndiyo Grand Slam (yale mashindano manne makubwa ya tenisi) pekee alizowahi kuingia droo kubwa, yaani shindano lenyewe baada ya mechi za kufuzu, mbili tu, na alikuwa na miaka 29. Renki yake ya juu kabisa ni 129, mwaka uliofuata akastaafu kwa sababu ya nyonga. Alianza uprofeshno 2005, kabla ya hapo alikuwa chuo Marekani. Yeye na Federer wamezaliwa mwaka mmoja, 1981, Federer Agosti mwenzake Septemba, sasa fikiria Niland ndo kwanza anaanza kuhangaika na vishindano vidogo na Federer tayari ni namba moja wa dunia.

Sasa swali langu, miaka yake ya mwanzo ilikuwaje na nini hasa kilimchelewesha? Ni chuo ndicho kilimlia miaka yake au kuna kitu kingine? Nauliza kwa moyo kabisa kwa sababu mpwa wangu ana miaka 17, amepata nafasi ya kwenda kucheza chuo Marekani kwa skolashipu ya sehemu, baba yake anataka akubali hata leo, kocha wake anasema akienda chuo uprofeshno ndo basi tena, aanze mashindano sasa hivi damu ikiwa ya moto. Nyumbani hapakaliki, kila jioni ni hiyo hiyo stori, dogo mwenyewe kanyamaza tu anatuangalia.

---

MzeeWaKorti

Mkuu Mjomba, umenikumbusha mbali. Hiyo mechi ya Wimbledon niliifuatilia kwa matokeo ya kwenye simu, enzi zile unabonyeza unasubiri ukurasa ufunguke, nikaona 4-1 nikasema huyu kijana wa watu kapita, nikaenda kunywa chai. Narudi nakuta Adrian Mannarino, yule Mfaransa wa mkono wa kushoto, kashinda 6-4. Gemu tano mfululizo. Mannarino ndiye akaenda Centre Court akachapwa na Federer 6-2, 6-3, 6-2.

Twende kwenye swali. Niland alizaliwa Birmingham Uingereza lakini wazazi wake walirudi Ireland akiwa mdogo sana, amekulia Limerick. Nyumba ya tenisi ile, dada yake naye alicheza mpaka timu ya taifa, yaani dogo alikuwa na mtu wa kupiga naye mpira tangu asubuhi na hicho ni kitu kikubwa kuliko watu wanavyodhani. Baadaye akapelekwa Uingereza shule ya Millfield inayojulikana kwa michezo, kisha University of California pale Berkeley, akasoma fasihi ya Kiingereza huku anachezea timu ya chuo. Na kwa nini Berkeley, kocha wa pale Peter Wright alikuwa mtu aliyewahi kuichezea Ireland kwenye Davis Cup, yale mashindano ya timu za mataifa, kwa hiyo kijana hakwenda kwa watu wasiomjua.

Halafu angalia kilichokuwa mbele yake kama angeacha chuo. Ireland walikuwa mabingwa kweli kweli lakini zamani ileee. 1890 Wimbledon wanaume alichukua Mwairishi Willoughby Hamilton, na wanawake mwaka huohuo akachukua Lena Rice wa Tipperary. Joshua Pim 1893 na 1894, Harold Mahony 1896. Baada ya Mahony kimya, mpaka leo hakuna mwanaume wa Ireland aliyelichukua tena. Niland alipoingia droo ya Wimbledon 2011 ilikuwa zaidi ya miaka 30 tangu Mwairishi wa mwisho kufuzu kwa wanaume, na huyo alikuwa Sean Sorensen 1980. Kwa hiyo kijana wa Limerick wa 1999 anayetaka kuwa profeshno anamuuliza nani njia? Hakuna aliyepita hapo jana wala juzi. Mtoto wa Hispania akifika 17 kuna mtu klabuni kwake aliyewahi kuwa wa 80 duniani, anamwambia wiki hii nenda huku, ile hoteli usilale, yule refa anaita futi folti (kukanyaga mstari unapoanzisha mpira) sana. Hayo mambo madogo madogo ndiyo miaka miwili mitatu ya maisha.

Mi naona chuo hakikumchelewesha, alishachelewa kabla ya chuo kwa sababu ya mahali alipotoka, na chuo ndo kikampa mechi. Kila wiki mechi ngumu, mazoezi kila siku na vijana wa kiwango chake au waliomzidi, kocha bure, kufungiwa raketi nyuzi bure, daktari bure. Ukiwa na miaka 19 Limerick vitu hivyo unavitoa wapi?

---

Chomoa_Breki

Samahani MzeeWaKorti, nakuheshimu sana humu ila hapa sikubaliani na wewe.

Mtu anayeanza akiwa na 23 anaanza na sifuri. Unajua renki ya tenisi inahesabiwa kwa pointi za wiki 52, ukishinda leo ile pointi mwakani wiki kama hii inaondoka, lazima uirudishe. Kijana anayeanza na miaka 17 ana miaka minne mitano ya kukosea, anapoteza raundi ya kwanza mara kumi hakuna anayemshangaa, mwili unapona haraka, analala hoteli mbaya na bado kesho anakimbia. Anayeanza na 23 hana hiyo nafasi. Na hesabu ya Niland yenyewe inaonyesha, 2005 mpaka 2011 ni miaka sita ya kupanda, na alipofika kileleni nyonga ikakataa, Aprili 2012 kwisha. Miaka sita hiyohiyo kama angeianza na 18 angefika 129 akiwa na miaka 24 na nyonga nzima, halafu ndo tungejua mwisho wake ni wapi. Inaniuma hiyo, siyo kwamba namlaumu, inaniuma kwa sababu uwezo ulikuwepo. Mtu asiye na uwezo hapiti mechi tatu za kufuzu Wimbledon halafu akarudia US Open mwaka uleule.

Mjomba, kocha wa mpwa wako msimsikilize kwa hasira, anachosema kina ukweli wake.

---

Dada_wa_Limerick

Hamjambo wote. Mimi naishi huku Limerick mwaka wa saba sasa, nafanya kazi ya kuhudumia wazee, na mwanangu wa kike wa miaka kumi anacheza tenisi klabu ya karibu na nyumbani. Naomba nisimulie ninachokiona kwa macho kwa sababu naona mnazungumzia Ireland kama jina tu.

Kwanza mji huu ni wa raga na hurling, mchezo wa Kiairishi wa fimbo na mpira. Raga ya Munster pale Thomond Park, na hurling ndo usiseme, 2018 Limerick walichukua kombe la Ireland yote baada ya kulikosa tangu 1973, halafu wakachukua minne mfululizo 2020 hadi 2023, mtaani kila nyumba ilikuwa na bendera ya kijani. Mtoto mwenye mbio na jicho zuri hapa anachukuliwa na hurling akiwa na miaka sita, anapewa fimbo kabla hajajua kufunga kamba za viatu. Tenisi inapata watoto wa familia za tenisi. Kwa hiyo MzeeWaKorti uliposema nyumba ya tenisi umesema kweli kabisa.

Pili mvua. Jamani mvua ya huku siyo ile ya nyumbani inayopiga saa moja ikaisha jua likatoka. Hii inaning'inia. Mwezi wa kumi na moja saa kumi na nusu jioni giza, taa za korti zinawaka, mwanangu na wenzake wako kortini na makoti na mpira umelowa umekuwa mzito, ukiudaka unaminya maji yanatoka kwenye manyoya yake kabisa. Na sakafu yenyewe ni zulia la plastiki lenye mchanga, yale majani bandia, klabu nyingi za Ireland wanatumia hiyo kwa sababu maji yanapita na unaweza kucheza mwaka mzima. Kwa klabu ni sawa kabisa. Ila mpira ukitua pale hauruki, unateleza chini chini, ukiwa umelowa ndo kabisa unafia miguuni. Watoto wanajifunza kuinama na kuukata mpira bekhendi, slaisi nzuri sana wanayo. Sasa mpeleke mtoto huyo Hispania kwenye udongo mwekundu, mpira unaruka mpaka begani, anashangaa. Mwaka jana tulienda likizo mji wa pwani Hispania mwanangu akacheza na watoto wa pale, gemu nne za kwanza alikuwa anaukosa mpira kwa sababu mikono yake inaungojea chini na wenyewe uko juu. Alilia. Tukarudi siku ya pili na ya tatu akaanza kuzoea, akarudi nyuma hatua mbili mwenyewe bila kuambiwa.

Kwa hiyo mimi nikisikia Niland alikulia hapa akafika 129 nasema huyo alipanda mlima ambao wenzake walizaliwa wakiwa nusu yake. Mashindano ya profeshno hayachezwi kwenye sakafu hii ya kwetu. Lazima utoke, na kutoka ni ndege, Ireland ni kisiwa huwezi kuwasha gari la baba ukaenda shindano la nchi jirani kama Mbelgiji au Mjerumani. California jua mwaka mzima na korti ngumu, nadhani kwa mtoto wa Limerick ile miaka ya Berkeley ilikuwa ndo mara yake ya kwanza kucheza tenisi ya dunia kila siku badala ya kuifuata kwa safari.

---

MzeeWaKorti

Dada asante sana, hii ya mpira kufia miguuni sijawahi kuisoma popote.

Niongeze na la waildikadi, maana Chomoa_Breki amegusa umri tu na hajagusa mlango. Grand Slam droo kubwa ina watu 128. Wanaume 104 wanaingia kwa renki, 16 wanatoka kwenye kufuzu, 8 wanapewa nafasi bure, ndo waildikadi. Hizo nane anagawa mwenye shindano. Wimbledon zinakwenda kwa Waingereza wengi, na Marekani, Ufaransa na Australia wana makubaliano ya kubadilishana, mimi nakupa moja kwangu wewe unanipa moja kwako. Ireland haina Grand Slam, haina cha kubadilisha. Kijana wa Marekani wa renki 200 aliyeonyesha dalili anaingia US Open bure, akifungwa raundi ya kwanza anaondoka na hela. 2011 aliyefungwa raundi ya kwanza US Open alilipwa dola 19,000 na Wimbledon pauni 11,500. Hela hiyo ni kocha wa kusafiri naye miezi kadhaa. Mwenzake wa Ireland mwenye renki ileile anakwenda kufuzu, mechi tatu, Wimbledon hizo zinachezwa Roehampton huko siyo kwenye uwanja wenyewe, na ukipoteza ya tatu hujaingia Wimbledon hata kama ulicheza vizuri kuliko wote.

Na huku chini ndo usiangalie. Shindano la ngazi ya kwanza kabisa la ITF (shirikisho la tenisi la dunia), lile la dola 15,000, hiyo 15,000 ni ya watu wote kwa pamoja. Bingwa anaondoka na dola 2,160. Anayetolewa raundi ya kwanza dola 156 kabla ya kodi. Ndege, hoteli, chakula, nyuzi za raketi, vyote juu yako, na hapo umeshasafiri mpaka Misri au Uturuki kwa sababu ndiko yanakochezwa kila wiki. Bingwa wa shindano zima anapata pointi 15. Enzi za Niland yaliitwa Futures na yapo yaliyokuwa na jumla ya dola 10,000 tu. Kwa hiyo Chomoa_Breki unaposema angeanza na 18, hiyo miaka minne mitano ya kukosea nani anailipia? Mtoto wa nchi yenye Grand Slam shirikisho linalipa, kwa sababu lenyewe lina faida ya Grand Slam yake. Ireland je?

---

Chomoa_Breki

Hapo kwenye hela nakubali, siwezi kubishana na dola 156.

Ila naomba nieleweke, sikusema chuo ni kibaya. Nilisema kinachukua miaka. Kevin Anderson wa Afrika Kusini alipita chuo cha Illinois akaja kucheza fainali ya US Open 2017 na ya Wimbledon 2018. John Isner alikaa Georgia miaka minne yote akafika wa 8 duniani. Hao ni watu wa mita mbili na sevu (mpira wa kuanzisha) ambayo hairudi, mtu wa namna hiyo anaweza kuchelewa maana silaha haizeeki. Niland hakuwa mtu wa sevu. Mchezo wake ulikuwa wa kukimbia, kurudisha, kumchosha mwenzake, na mchezo huo unakula nyonga na magoti. Mtu wa mchezo ule anahitaji miaka ya ujana kuliko mtu wa sevu. Hilo ndo jambo langu, kila mtoto aangaliwe anachezaje kabla ya kumwambia nenda au usiende.

Mjomba, mpwa wako anachezaje?

---

Coach_Nairobi_W

Niaje watu. Mimi nafunza watoto tenisi hapa Nairobi, nimesoma hii thread kuanzia juu na imenigusa sana juu hii ndio mazungumzo tunakuwa nayo na wazazi kila siku.

Wacha nianze na mfano wetu wa karibu. Angella Okutoyi mnamjua, amelelewa na nyanya yake hapa Nairobi, 2022 akashinda Wimbledon ya wasichana juniori kwa dabo (wawili kwa wawili) na Rose Marie Nijkamp wa Uholanzi. Baada ya hapo mtu angefikiria ataruka moja kwa moja kwa uprofeshno. Akaenda chuo, Auburn kule Alabama. Watu wengi walilalamika huku wakasema talanta imepotea. Machi 2024 akaenda African Games Accra akashinda dhahabu ya singo, akiwa bado mwanafunzi. Kwa hivyo ile kitu kocha wa huyo kijana anasema, ati ukienda chuo uprofeshno umeisha, hiyo ilikuwa kweli labda miaka ya nyuma lakini siku hizi vijana wa chuo wanacheza ITF na hata Challenger, ngazi ya juu yake, wakati wa likizo na wanabeba pointi zao.

Ireland yenyewe, mbali na Niland, muangalie James McGee wa Dublin. Naye alipitia chuo Marekani, North Carolina State, na 2014 akafuzu US Open kama Niland. Renki yake ya juu ilikuwa 146, 2015. Na kuna Louk Sorensen, mtoto wa yule Sean Sorensen mzee ametaja, huyo amezaliwa Ujerumani na kukulia huko, hakupitia mvua ya Limerick, na 2010 alifuzu Australian Open akampiga Lu Yen-hsun wa Taiwan raundi ya kwanza. Raundi ya pili akakutana na nani? John Isner. Mtu wa chuo.

Sasa vile mimi naona. Wawili waliokulia Ireland kwenyewe na wakafika hapo juu, Niland na McGee, wote walipitia chuo. Hiyo si bahati. Nchi ndogo bila pesa ya Grand Slam, chuo ndio akademi yao ya bure. Sisi pia hapa ni hivyo hivyo. Kijana wa kwangu wa kwanza, miaka kadhaa imepita, tulimkatalia chuo, mimi na babake. Tulisema ako na uwezo, aende Futures. Alicheza Misri wiki sita mfululizo, akashinda mechi mbili, pesa ikaisha wiki ya saba, akarudi. Alikuwa na miaka kumi na tisa na chuo kile kilikuwa kimeshapeana nafasi yake kwa mtu mwingine. Siku hizi ananisaidia kufunza watoto wadogo Jumamosi, ni mtu mzuri sana na watoto wanampenda, lakini kila mwaka mnamo Agosti wenzake wakisafiri kwenda vyuo mimi huwa siwezi kumwangalia machoni vizuri. Ilikuwa uamuzi wangu.

Kwa hivyo ndugu Mjomba mwambie kocha aniandikie, tuongee kama makocha.

---

Mjomba_Raketi

Wakuu nashukuru sana, sikutegemea majibu ya namna hii. Coach wa Nairobi, pole sana kaka, na asante kwa kutuambia. Nimemsomea shemeji yangu post yako kwa sauti sebuleni, dogo naye alikuwepo.

Chomoa_Breki umeuliza anachezaje. Siyo mtu wa sevu. Ana futi tano na inchi tisa, anakimbia sana, forhandi nzuri, anapenda kukaa nyuma akurudishie mipira ishirini mpaka wewe mwenyewe ukosee. Kwa maelezo yako ni mchezo wa Niland kabisa. Kwa hiyo kwa upande mmoja wewe unasema mtu wa namna hii anahitaji miaka ya ujana, na upande wa pili mzee na kocha wanasema ujana huo nani ataulipia. Nimepiga hesabu na shemeji jana usiku kwenye karatasi, mashindano kumi tu ya Misri na Tunisia, nauli, hoteli, chakula, bila kocha kusafiri naye. Hatuwezi. Tungeweza manne, labda matano tukiuza kiwanja cha Kisongo huku Arusha, na dogo mwenyewe akasema kiwanja kisiuzwe. Hilo ndo neno la kwanza amelitoa wiki nzima.

Halafu akaniuliza mimi kitu ambacho sikuwa na jibu. Akasema mjomba, yule Niland baada ya ile 4-1, alijutia? Alitamani asingeanza?

---

MzeeWaKorti

Mwambie hivi. Miezi miwili baada ya ile 4-1 alikwenda New York akaanza tena mechi za kufuzu, tatu, akashinda zote tatu. Mtu anayejuta haendi. Na baada ya kustaafu aliendelea kukaa humohumo kwenye tenisi, akaja kuwa nahodha wa timu ya Ireland ya Davis Cup, yaani anakaa kwenye kiti pembeni ya korti na vijana wa sasa wa nchi yake, wakibadilisha upande anawapa maji na maneno.

---

Chomoa_Breki

Mjomba kwa hesabu hiyo na mimi nasema aende chuo. Ila mambo mawili. Kabla hajasaini muulizeni kocha wa chuo timu itamwachia miezi ya sita, saba na nane acheze ITF, na namba ngapi atacheza kwenye timu. Kwenye timu ya chuo wanacheza sita singo, ukiwa wa tisa unakaa unapiga makofi miaka minne. Bora chuo kidogo acheze namba mbili kuliko chuo chenye jina akae benchi. Na nyonga, aanze mazoezi ya nyonga sasa hivi akiwa na 17, asisubiri iume.

---

Coach_Nairobi_W

Hiyo ya namba ngapi ni muhimu sana, sikufikiria kuisema. Pia waulize skolashipu ni ya mwaka au ya miaka yote minne, na ikiwa ameumia inaendelea ama inakatwa. Wapatie kwa maandishi.

---

Mjomba_Raketi

Nimeyaandika yote kwenye daftari. Shemeji anampigia kocha wa chuo kesho saa mbili usiku kwa saa zetu, huko itakuwa mchana. Dada wa Limerick, dogo anauliza ile slaisi ya watoto wa kwako wanashikaje raketi, anasema anataka kuijaribu maana hana.

---

Dada_wa_Limerick

Nimemuuliza mwanangu sasa hivi akiwa mezani anakula. Amechukua kijiko akanionyesha. Anashika kama unashika nyundo unayotaka kupigilia msumari, mkono haubadiliki, bega la mbele linaugeukia mpira kabisa, raketi inaanzia juu karibu na sikio halafu inashuka kwenda mbele, haishuki kwenda chini, hilo amelirudia mara tatu, kwenda mbele. Na magoti yamekunjwa. Anasema kama magoti hayajakunjwa mpira unakwenda kwenye neti. Mwambie kaka yake wa Arusha akiuweza ampigie video, huku kesho kunanyesha kwa hiyo atakuwa nyumbani.